Laki na nusu kufundishwa wali unaoshikana

Miye mpishi wa shughuli. Harusi, hitima, maulidi, arubaini ya mtoto, zote nimepika, na kwa miaka 22 watu wananilipa kwa sababu moja: punje ya wali wangu haimshiki mwenziwe. Kwetu wali ukishikana ni aibu. Watasema umepika bokoboko, na habari itafika Fuoni kabla masinia hayajaoshwa. Sasa fikiria uso wangu Jumamosi ile nilipoambiwa, mbele ya watu, kwamba wali wangu umeharibika kwa sababu haushikani.

Habari yenyewe iko hivi. Binti yangu anafanya kazi hotelini Nungwi. Huko kaona tangazo kwenye simu: asubuhi mnatembezwa Mji Mkongwe, mchana mnafundishwa mapishi ya Kijapani, siku moja, malipo mamoja. Wageni dola 90, wakaazi shilingi 150,000. Akanilipia bila kuniuliza. Nikamwambia, mwanangu, miye nimezaliwa Kajificheni, nitembezwe Mjini kama nani? Akanijibu, "Mama, kila siku unawapikia watu. Nenda na wewe ukashike daftari." Pesa imeshakwenda, hairudi. Nikavaa viatu vya raba nikaenda.

Tulikutana Forodhani saa mbili na nusu asubuhi. Tulikuwa saba: mke na mume wa Kitaliana na binti yao wa kama miaka tisa, maharusi wawili wa Dar es Salaam waliokuja fungate, bwana mmoja wa Kijerumani mwenye kofia pana kama ungo, na miye. Kiongozi ni kijana mwenye adabu zake, kitambulisho kinaning'inia shingoni, si papasi wa kuokota watu njiani. Akaniamkia, akanitafutia kivuli nikae mpaka wenzangu wafike. Hilo nampa.

Lakini usemaji wake, jamani! Anasimama mbele ya jengo, anazungumza Kiingereza dakika kumi, mikono inakwenda, wageni wanacheka. Akimaliza anatugeukia sie na wale maharusi, anatupa sentensi tatu za Kiswahili, safari inaendelea. Wageni wanapewa noti, sie tunapewa chenji. Pale Beit el Ajaib, lile jumba la masultani, alituambia Sayyid Barghash kalijenga 1883 na kwamba hapa kwetu ndilo lililotangulia kuwa na umeme na lifti, basi. Tarehe 25 Disemba 2020, siku upande mmoja ulipoporomoka, miye nilikuwa Kikwajuni nachambua mchele wa harusi, mtu akanipigia simu analia kama kafiwa. Nilitaka kumsikia kijana wa leo anasemaje juu ya siku ile. Kasema "likaanguka", kisha tukaongozwa kwenye milango.

Milango nayo unaijua hadithi yake: vile vichwa vya misumari ya shaba asili yake ni India, huko viliwekwa kuzuia tembo wa vita. Kila kiongozi wa Mji Mkongwe ana tembo wake. Yule mtoto wa Kitaliana akauliza kama Unguja kulikuwa na tembo, kijana akacheka, lakini jibu hakutoa. Hatukuambiwa mlango upi wa Kihindi na upi wa Kiarabu, wala lile nakshi la mnyororo pembezoni lina maana gani. Ngome Kongwe tuliipita kwa mguu wa haraka. Waarabu waliijenga baada ya kuwafukuza Wareno, akasema, na wenyeji wanaiita Gereza. Nakuomba ulishike neno hilo, Wareno, kwa sababu nitarudi kwao nikifika jikoni.

Nimtendee haki: Mkunazini, penye kanisa lililojengwa juu ya soko la watumwa lililofungwa 1873, kijana alibadilika. Bibi harusi wa Dar alimuuliza kwa Kiswahili, naye akajibu kwa Kiswahili kwanza, taratibu, sauti kaishusha, wale wageni wakangoja zamu yao. Kwa robo saa ile alikuwa kiongozi hasa. Nikajiuliza kwa nini hakuanza hivyo tangu Forodhani.

Jaws Corner tulipewa dakika saba za kahawa. Dakika saba! Kahawa ya pale hainywewi kwa saa. Mzee mmoja wa barazani, anayenijua tangu nasoma skuli, akalitazama kundi langu, akanitazama na miye na mkoba wangu wa mgongoni, akauliza, "Na wewe bi, umekuwa mtalii lini?" Baraza zima likaangua kicheko. Nikamwambia tangu saa mbili na nusu.

Mpaka hapo, ningeulizwa, ningesema rudisheni pesa ya mwanangu.

Darajani ndipo siku ilipogeuka. Mwalimu wa mapishi alikuwa anatungoja mlangoni mwa soko lile la zamani, jengo la 1904. Mwanamke wa Kijapani wa makamo, mwembamba, kajitupia mtandio begani, kikapu cha ukili mkononi. Akafungua mdomo, nikabaki nimeshangaa: Kiswahili chake kina lafudhi ya Kusini kabisa. Kumbe aliishi Jambiani miaka kabla hajahamia Mjini. Akaniambia "shikamoo", nami nikaitika marahaba, ingawa sina hakika nani kamzidi mwenziwe.

Tuliingia mnadani kwa samaki. Alikuwa anatafuta pweza. Muuzaji akamtazama yeye, akaitazama ile kofia ya Mjerumani, akasema elfu thelathini. Nikasogea mbele. "Mwanangu, hiyo bei ya nani?" Akashtuka. "Ah, mama, sikukuona!" Tukamchukua kwa elfu ishirini. Mwalimu akacheka mpaka akashika mbavu. Yeye ananunua hapo kila wiki, akanambia, na siku akija peke yake bei ni moja, siku akija na wageni bei ni nyingine. "Samaki wa hapa wanajua nani kaja," akasema.

Alivyomchagua pweza nilimheshimu. Alimgusa vile vikombe vya mkononi kuona kama vinashika bado, akamnusa, akauliza kapigwa au bado. Kisha akatugeukia kundi zima akasema jambo ambalo nataka mlisikie nyote mnaoogopa chakula cha Kijapani: leo hamna samaki mbichi. Samaki aliyelala juu ya meza ya saruji saa nne na nusu, jua la Unguja, yeye mwenyewe hamli mbichi, na wala hawezi kumlisha mtu. Kwao samaki wa kuliwa mbichi anashughulikiwa kwa barafu tangu anatoka majini. Mtaliana akaonekana kanyong'onyea kidogo. Miye moyo wangu ukatua.

Tukanunua figili, matango, tangawizi, majani ya kitunguu, mayai, kamba nusu kilo. Figili yetu ni kijukuu tu mbele ya ile ya kwao, anasema, kwao inafika urefu wa mkono. Nje ya soko kulikuwa na gari ndogo ya mizigo imeshuka tungule, ubavuni ina maandishi ya Kijapani kama zilivyo gari nyingi hapa zilizotumika kwao. Nikamuuliza yameandikwa nini, maana miaka yote nayaona. Akasoma, akatabasamu: jina la skuli ya chekechea. Ilikuwa inabeba watoto, leo inabeba tungule za shamba. Nasema kweli, katika matembezi yote ya asubuhi hakuna kitu kilichonifurahisha kama hicho, na hakikuwamo kwenye ratiba.

Sasa malalamiko. Jiko liko Kiponda, ghorofa ya tatu, na ngazi ni zile za nyumba za kale, za mbao, zimesimama wima kama unapanda mnazi. Tangazo halikusema. Miye magoti yangu yamesimama mbele ya moto miaka 22, yamechoka. Nilipanda nikipumzika kila kituo, huku bwana harusi kanibebea mkoba, Mungu ampe kheri. Juu kuna feni moja, majiko ya gesi matatu, na watu wanane. Mchana wa jua kali, hesabu mwenyewe. Dirishani lakini unaona mapaa ya bati ya Mji wote mpaka bahari ya Malindi, na upepo ukiamua kuja, unakuja.

Kabla sijavua mtandio nikauliza swali langu. Nimesikia Wajapani wanapikia pombe. Mwalimu hakukasirika. Akatoa chupa zote mezani, moja moja. Akasema ni kweli, kwao mapishi mengi yanatiwa sake, ambayo ni pombe ya mchele, na mirin, ambayo ni tamu lakini nayo ina pombe. Hapa kwake hazimo. Badala ya mirin anatia sukari na siki kidogo. Hata ule mchuzi mweusi wa soya, wa kuchachushwa, huwa unapata pombe kidogo wenyewe kwa wenyewe, na viwanda vingine huongeza, kwa hiyo ananunua ule wenye alama ya halali, akatuonyesha alama. Siki ni ya mchele. Saa saba kasoro akasimamisha kila kitu, akatufungulia chumba cha pembeni chenye misala miwili, tukaswali adhuhuri, bwana harusi akatangulia mbele. Wenye hoteli kubwa kubwa wangejifunza hapo.

Tukagawanywa wawili wawili. Miye nikapewa mtoto wa Kitaliana. Hatukuwa na lugha moja, lakini jikoni mkono unatosha.

Wali kwanza. Mchele wake mfupi, punje nene kama shanga, anaagiza Dar es Salaam. Unaoshwa mpaka maji yake yaonyeshe chini ya bakuli, hilo sawa na letu. Unarowekwa nusu saa. Halafu unapikwa kwa maji tu. Hakuna chumvi, hakuna mafuta, hakuna tui, hakuna iliki! Ukichemka unapunguza moto, dakika kumi na kitu, unazima, unaacha dakika kumi nyingine na mfuniko usiguse. Nikauliza, makaa juu hatupalii? Hatupalii.

Nitasema ukweli. Mwalimu alipogeuka kuwasaidia maharusi (yule bwana alikuwa anashika kisu kama anashika nyundo), mkono wangu wenyewe ukaenda kwenye chupa ya mafuta. Kijiko kimoja. Na maji nilikuwa nimeshayapunguza kidogo. Mtoto akaniona, nikamwekea kidole mdomoni, akacheka akanyamaza. Mfuniko ulipofunuliwa, wali wangu ulikuwa mzuri ajabu, kila punje na nyumba yake. Mwalimu akaja, akachota, akaonja, akaniangalia.

"Mama, wali wako mzuri sana. Lakini umeharibika. Haushikani."

Hapo nilisikia joto la uso kuliko la jiko. Lakini hakuniacha hivyo. Akauchukua wali wake na wangu, akasema tuzungushe yote miwili tuone. Wali wa kwake tukaumimina kwenye chano, ukatiwa siki iliyoyeyushwa sukari na chumvi, unaukata kwa mwiko wa mbao kwa ubavu, husongi, huku mwenzio anaupepea kwa kipepeo cha ukili, kilekile cha kupepea seredani, mpaka ung'ae. Akatuambia watu wengi wanadhani sushi maana yake samaki mbichi. Sushi ni huu wali wenye siki. Samaki ni mgeni tu aliyekaribishwa juu yake, na anaweza kuwa tango, yai, au kamba wa kuchemsha. Asili yake ilikuwa njia ya kuhifadhi samaki: wanamfukia ndani ya wali uchachuke, zamani wali wenyewe wakiutupa.

Ukatandazwa juu ya jani la mwani, chini pana kimkeka cha mianzi, ukawekwa tango na kamba, ukaviringishwa. Wa kwake ukakatika vipande vinane, kila kimoja kimesimama. Wangu nilipotia kisu ukamwagika wote mezani kama mchele wa sadaka. Mtoto akapiga makofi. Basi nikaelewa. Kwao wali unashikwa kwa vijiti viwili au unabebwa mkononi. Usiposhikana utaufikishaje mdomoni? Sie tuna vidole vitano na tunajua kufinyanga tonge. Na tonge nalo wanalo. Wanaliita onigiri: unalowesha viganja, unapaka chumvi, unafinyanga wali wa pembe tatu, katikati unaficha kitu cha chumvi. Tofauti ni kwamba tonge letu linaishia mdomoni papo hapo, la kwao ni la safari, mtoto anaondoka nalo kwenda skuli. Langu la tatu likawa zuri mpaka mwalimu akalipiga picha.

Katikati ya hayo akatuonjesha maji. Kikombe cha maji ya moto, rangi ya chai hafifu. Nikanywa, nikasema, hii supu ya nini? Ng'onda, yule samaki wetu mkavu? Akafurahi kama nimemjibu mtihani. Ni mwani mpana mkavu uitwao kombu na samaki wa jamii ya jodari aliyechemshwa, akafukizwa moshi, akakaushwa mpaka akawa mgumu kama gogo, anaparuzwa kwa randa. Wanaiita dashi, na karibu kila chakula chao kimeanzia hapo. Akaeleza kwamba mwaka 1908 profesa mmoja wa Kijapani, Kikunae Ikeda, aliuchunguza huo mwani wa kombu akapata kilichomo ndani kinacholeta ile ladha ya nyama pasipo nyama, na mwaka uliofuata ikaanza kuuzwa ya unga, Ajinomoto. Nikafikiri vile vidonge vya supu tunavyotupia kwenye pilau tukijidai mkono wetu mtamu. Bibi yangu alikuwa akitumbukiza kipande cha ng'onda kwenye mchicha wa nazi, hakuwa na profesa.

Akachukua mwani wa karatasi mkono mmoja, na mkono mwingine akashika konzi ya mwani mkavu wa Paje. Nikamuuliza kwa uchungu kidogo, maana nina dada yangu Jambiani kauzeekea: kwa hiyo sie tunalima, wao wanakula? Akasema sivyo, si mmoja. Ule unaolimwa pwani ya mashariki tangu 1989 unasafirishwa kwenda kutolewa kitu cha kugandisha, kinachotiwa kwenye aiskrimu na dawa ya meno. Wa kwake ni aina nyingine, unapenda bahari ya baridi. Wetu hata huku umeanza kushindwa, yule mwani wa kotonii wa bei nzuri anakufa maji yakipata moto, wanawake wanabaki na ule wa bei ndogo. Hayo alikuwa anayajua kuliko miye. Jambiani aliwahi kuingia baharini nao.

Halafu ndiyo kitu kilichonileta kuandika haya. Akafungua kabati, akatoa chuma cha vitumbua. Chuma hasa, cha Darajani, cheusi kwa mafuta. Wote wakatoa simu wapige picha, miye nikashika kiuno. Akasema Osaka, tangu miaka ya 1930, wanauza barabarani kitu kinaitwa takoyaki, na chuma chake ni ndugu wa hiki, mashimo tu ndiyo madogo zaidi. Uji wa unga wa ngano, mayai na ile dashi, mwepesi kuliko wa vitumbua. Unapaka mafuta, unajaza, unatumbukiza kipande cha pweza aliyechemshwa, majani ya kitunguu, tangawizi ya siki. Chini ikishika unaigeuza kwa kijiti, uji mbichi unashuka chini, unapata mpira.

Ikawa zamu ya kugeuza. Mjerumani akachana. Mtaliana akachana. Bibi harusi akapata viwili. Kijiti kikafika kwangu, nikageuza kumi na viwili bila kimoja kufumka, kulia, kushoto, kama niko barazani kwa mama yangu saa kumi na mbili asubuhi. Mwalimu akaniambia mbele ya wote, "Mama, nifundishe." Hapo tukawa tumelipana.

Juu akanyunyiza maganda membamba ya yule samaki mkavu. Joto lilipoyagusa yakaanza kujikunja na kucheza kama yana uhai, mtoto akapiga ukelele akanikimbilia. Mchuzi wa juu wa kwao haupatikani hapa kwa bei ya maana, kwa hiyo kaubuni: ukwaju, tungule, sukari, soya. Mtamu kweli. Mayonezi ndiyo aliyoyamwaga kupita kiasi, na miye mayonezi juu ya pweza siyawezi.

Wakati tunakaanga kamba na bilingani kwa unga mwepesi, tempura, akasema pishi hili kwa asili si lao. Lilifika Nagasaki na Wareno, waliotua Japani 1543. Hata mkate wao wanauita pan, neno la Wareno. Nikaacha kugeuza. Wareno hawahawa? Wa Ngome Kongwe? Sie wametuachia meza, leso, bendera, na hilo neno gereza lenyewe linatokana na neno lao la kanisa. Asubuhi tumepita palepale penye ngome iliyojengwa walipofukuzwa, tukapewa sentensi moja! Watu walewale, merikebu zilezile, upande huu wametuachia gereza, upande ule wameacha vikaango. Kama kijana yule angetuambia asubuhi kwamba mkishika bilingani saa saba mchana mtakutana na Wareno tena, ningesahau hata magoti.

Likaja la pili. Mjerumani akamuuliza mwalimu kama yeye ndiye Mjapani wa kwanza kuishi Unguja. Akaweka kisu chini. Akasema hapana, zaidi ya miaka mia iliyopita waliishi humuhumu Mjini wanawake wa Kijapani, wasichana wa vijiji maskini vya kusini kwao, Kyushu, waliouzwa na madalali, wakapakiwa melini mpaka Singapore, wengine wakaletwa mpaka Zanzibar, na kazi waliyofanyishwa si ya kusema mbele ya mtoto. Kwao wanaitwa karayuki-san. Akanyamaza, akaokota kisu. Na miye nikamkumbuka mama yangu na kanga zake za Japani, maana wakati wao kanga nyingi zilikuwa zinachapwa huko, alizokuwa akizikunja chini kabisa ya sanduku na kutukataza kuzigusa. Nimezaliwa mitaa hii. Kanga nilizijua, wale wasichana sikuwahi kuambiwa.

Kwa hiyo hukumu yangu ni hii. Hii si safari moja, ni mbili zilizofungwa kwa kamba moja nayo ni Darajani. Jiko ni la daraja la juu. Matembezi ni yaleyale unayoweza kuyapata na kiongozi yeyote Forodhani kwa bei ndogo, tena hayajui kwamba mwisho wake kuna chakula. Kila kitu cha kuyashona kipo, na mwenye uzi ni mwalimu. Wampe asubuhi naye atembee nao, au wamkalishe kijana yule naye mezani siku tatu asikilize. Kijana si mbaya. Kakaririshwa tu.

Nilipomaliza niliuliza kama mkaazi anaweza kulipia soko na jiko peke yake, bila milango na tembo. Wakasema kwa sasa hawauzi nusu. Wakazane wafikirie, maana watu wa hapa ndio wangerudi tena na tena. Mgeni anakuja mara moja anapanda ndege. Nimewaambia pia waandike ngazi kwenye tangazo. Na ukienda, usiende Ijumaa, utakimbizwa. Nenda na njaa, chakula ni kingi, sie tulimaliza saa tisa kasorobo badala ya saa nane na kila mmoja akaondoka na matonge mawili ndani ya jani la mgomba. Unapewa karatasi ya mapishi, ya Kiingereza tu. Binti yangu kanifasiria.

Maksi zangu: matembezi manne kwa kumi, na hayo manne ni ya Mkunazini. Soko tisa. Jiko tisa, moja nimelipunguza kwa feni na mayonezi.

Chuma changu cha vitumbua tangu siku ile hakijarudi kabatini. Uji nauchanganya kwa supu ya ng'onda, kwa kuwa samaki wa kuranda simpati, na chumvi naipunguza sana. Juu naweka ukwaju. Wiki ijayo nina maulidi Kikwajuni, mwenye shughuli kaniuliza vile vya pweza nauzaje kwa mia. Wali nimemwambia ni uleule wangu wa siku zote.